Samansi ya Mama Mkwe

Mpendwa Mshauri,

Nakusihi uniokoe kabla sijala kuku mwingine. Mimi ni mtu mwenye furaha, sitakudanganya, nina mke mwema, Lornah, na kazi ya kupeleka samansi za wakili mmoja hapa mjini, nazunguka na baiskeli kutoka Hurlingham mpaka Loresho nikiwapa watu karatasi za kuitwa kortini, wengi wao wamekopa benki wakashindwa kulipa, na matusi yao nimeyazoea. Sasa mwezi uliopita nilipewa samansi, nikasoma jina, kumbe ni Philister, mama mkwe wangu wa Kangemi, alikopa anunue mashine za kufuma sweta za shule, biashara ikalala, wala hakumwambia mtu, hata bintiye.

Sheria inataka nimpe mkononi mwenyewe, aweke na sahihi, na kwetu mkwe hampi mama mkwe hata mkono wa salamu, sembuse samansi! Mwenzangu Musembi angeweza kuipeleka, lakini niliona haya mtu wa nje ajue deni la wakwe zangu, basi nikajikaza nikaenda na sukari ya kupoza mambo, naye kuniona tu akapiga vigelegele, akanikalisha kwenye kochi lake jipya, akanichinjia kuku, nikala nikarudi na samansi mfukoni. Nikaenda tena, kuku tena. Mara ya tatu akawaita majirani akawaambia, "Muone huyu Lazarus! Hawa wakwe wengine tunawaona tu Krismasi, huyu anakuja hata bila sababu." Lornah naye amenipenda kuliko siku ya harusi, kila saa, "Baba Peres, siku hizi umependa mama yangu sana."

Lakini siku ya kesi inakaribia na wakili ananiuliza kila asubuhi. Nafikiria kuapa kwamba nimemtafuta nikamkosa, kesi ife yenyewe, sote tuendelee na raha yetu. Je, nitakosea?

Lazarus, Kawangware

Ndugu Lazarus,

Nimecheka mpaka chai ikanipalia, halafu nikakasirika. Pole, najua unampenda huyo mama. Lakini kuapa uongo kortini ni jela, na kesi ya benki haifi kwa sababu wewe umeshiba. Ukisema haonekani, wakili ataomba ruhusa ya hakimu samansi ibandikwe mlangoni, majirani wale wale waisome. Mama asipofika, hukumu itatolewa bila yeye kusema neno. Baada ya hapo anakuja dalali wa mahakama na lori, na kochi unalokalia ukitafuna paja ndilo litakalopakiwa kwanza.

Umetukanwa sana na wadaiwa mpaka ukaamini samansi ni tusi. Si tusi, bwana! Ni korti inamwambia mama aje asikilizwe, na wewe mkwe wake ndiye unayemzibia njia.

Mweleze Lornah yote leo, kabla hujagusa chakula. Kesho mrudishie wakili karatasi, umwambie mdaiwa ni mama mkwe wako, Musembi aipeleke. Haya yako imeze. Musembi akijua si neno, na wakili hatakufukuza kwa kusema kweli. Lornah awe kwa mamake wakati huo, amshike mkono ambao wewe huruhusiwi kuushika. Mama asiitupe ile karatasi chini ya godoro. Ajibu kwa maandishi kabla muda uliotajwa haujapita, akiri anachodaiwa, na kortini amwombe hakimu amruhusu kulipa kidogo kidogo kila mwezi. Mahakimu huyasikiliza maombi ya namna hiyo. Dalali akishafika na lori, hasikii kitu. Na wewe na mkeo changieni, maana kuku umekula wengi.

Siku ya kesi vaa koti lako zuri, umsindikize, ukae benchi la nyuma aone kuna mtu wake. Kisha Jumapili inayofuata nenda Kangemi, mfuko ukiwa mtupu. Akikuchinjia, kula ushibe. Siku hiyo utakuwa umekuja kweli bila sababu.