Kaburi Tulilolizua

C/o Duka la Bwana Hatibu,
S.L.P. 41,
Babati.

9 Februari 1986

Mpendwa Dada Xaveria,

Shikamoo. Habari za huko Tanga? Shemeji hajambo? Na pumu yake, imepungua na hilo joto lenu? Sisi tunapumua. Sabuni ulizotuma zilifika, tatu kati ya nne. Ya nne nadhani inafulia nguo za kondakta. Sukari tunaisikia redioni tu.

Mama bado yuko kwangu hapa Mutuka. Goti linamtesa, lakini anakula.

Sasa habari ya shamba letu la Sigino. Unajua serikali imelichukua ijenge ghala la mahindi. Fidia ilikuwa tayari, na ndiyo tuliyoitegemea kumpeleka Mama akapasuliwe goti. Ila kile kipande cha bondeni, penye migomba, Baba mdogo Kasimiri alisema ni chake. Unamjua, hata kivuli anaweza kukidai. Ofisini wakasema hawatoi hata senti mpaka tumalizane wenyewe. Wazee wakauliza swali moja tu: nani amezika pale? Aliyezika ndiye mwenye ardhi.

Dada, hakuna aliyezika. Kaka yetu Teodori akarundika mawe chini ya migomba, na mimi, nisikufiche, nilimsaidia kuyabeba. Akawaambia wazee ni kaburi la dada yetu wa kwanza, aliyekufa akiwa kichanga. Karani akauliza jina. Teodori akajibu palepale: Antonia. Nilijiziba mdomo nisicheke.

Hatukujua kwamba kaburi likishaandikwa ni lazima lihamishwe mbele ya wazee. Teodori akaniambia nisiogope, mifupa ya kichanga huyeyuka, tutafunga udongo kidogo kwenye shuka jeupe na mambo yaishe.

Jumanne iliyopita, saa nne asubuhi, jua likiwaka, tukachimba. Shimo halijafika hata magotini, ikatokea mifupa midogo, myembamba, pamoja na shanga nyekundu kwenye kamba ya ngozi. Teodori akaachia jembe. Ndege wa migombani walinyamaza, au labda ni mimi niliyeacha kusikia. Baba mdogo akavua kofia.

"Mtoto ameshika shamba lake," alisema. "Mimi sidai tena."

Wazee wakaandika kwamba shauri limekwisha. Tumeshinda, Dada, na tangu siku ile ninaogopa.

Niliporudi nilimpa Mama zile shanga. Hakuwa akijua lolote kuhusu uongo wetu. Alizishika muda mrefu, kisha nikamwambia na lile jina. Akaniuliza, "Nani amewaambia?" Nikamjibu hakuna, Teodori alilibuni tu.

Ndipo akaeleza. Kabla yako alijifungua binti, akafa siku ya tatu, hajabatizwa. Enzi zile mtoto wa namna hiyo hakuwekewa msalaba wala hakutajwa. Alimzika mwenyewe penye migomba. Jina alimpa kimoyomoyo, hata marehemu Baba hakuambiwa. Ni Antonia.

Mama sasa hataki kusikia habari ya hospitali mpaka mwanawe azikwe kwa jina lake, na sisi wote tukiwapo. Padre amekubali, Jumamosi ya tarehe 1 Machi. Fanya kila njia uje, hata kama ni kwa lori.

Jana nilimbana Teodori aniambie jina alilitoa wapi. Akasema, wewe na yeye mlipokuwa mkichunga mbuzi kule bondeni, kulikuwa na binti mkubwa kidogo kuliko wewe, aliyemsaidia kuwafukuza mbuzi migombani. Alikuwa na shanga nyekundu, na jina lake ndilo hilo. Teodori alidhani ni mtoto wa jirani.

Mimi nilikuwa mdogo, lakini nakumbuka jambo moja. Kila asubuhi ulikuwa ukimwomba Mama mahindi matatu ya kwenda nayo machungani, na sisi tukikuita mlafi. Tafadhali, Dada yangu, niambie: hindi la tatu lilikuwa la nani?

Nisalimie sana Shemeji, Egidius na Natalia. Mama anawabariki wote, na Mungu awalinde njiani.

Ni mimi mdogo wako nikupendaye,

Fabiola