Theluji Uliyoingoja Imeanguka, Baba Yanchi

Mwaka umezunguka tangu ututoke, Baba Yanchi, hapa kwetu mjini Mizhi, ukiwa umekaa dirishani unayaangalia mawingu.

Ulianza kwa kuwapigia picha waongozaji wengine wa filamu. Ulipoanza kuongoza filamu zako, kamera hukumwachia mtu. Wenye fedha walikufuata hadi mezani: "Mzee Hao, tafuta mpiga picha, wewe ongoza tu."

"Niongoze kwa macho ya nani? Ya kuazima?" Ukawaongezea pombe, wakanywa.

Ulikuwa na huruma. Bibi mmoja aliyekuwa akiigiza alishikwa na baridi, ukavua koti lako ukamvika. Ukapiga picha huku unatetemeka. Ile picha inatikisika hadi leo, ulikataa kuikata.

Na nyumbani je? Nakuita: "Kula, baba, tambi zinavimba!"

"Subiri, mama, mvuke huu umepata jua," unanijibu, jicho kwenye kamera. Tumekula tambi baridi maisha yetu yote. Siku hizi tunazila za moto, wala hazishuki.

Filamu yako ya mwisho, iliyomhusu marehemu mama yako, ilibakiza picha moja: theluji ikiifunika njia aliyoondokea. Bila hiyo, ulisema, filamu haina mwisho. Ukaifunika kamera kwa kile kitambaa chekundu tulichokifunua siku ya kuanza kazi, tulipochoma ubani kuomba heri. "Ikianguka, nitakifunua mwenyewe." Majira yale ya baridi yalikuwa makavu, theluji haikuanguka. Ukaondoka.

Juzi ilianguka, nzito. Mwanao Yanchi aliibeba kamera hadi mlimani, akazunguka weee, akarudi mikono imekufa ganzi na kitambaa kiko palepale.

"Mama, sijui baba angesimama wapi."

"Si usimame popote, kaka!" mdogo wake Susu akamfokea.

"Popote si pake."

Wakanitazama mimi. Nilipiga magoti mbele ya sanamu ya Guanyin, mungu wetu wa huruma, nikaomba unijie usingizini unionyeshe mahali tu, hata kwa kidole. Hukuja. Kesho yake, kufikia adhuhuri, jua lilikuwa limeshaila theluji yote, njia ikabaki tope tupu.

Bado nasali. Sijui jambo jingine la kufanya.

Unakumbukwa na mimi mkeo, Mu Cailan. Wanao Yanchi na Susu. Na dada yako Hao Fengxian, anayeuliza kila siku kama filamu imekwisha.

Kitambaa hatujakigusa. Maadamu tunapumua, hatutakusahau.