Kofia ya Sufu na Ndoo ya Maji

Dada yangu,

Natumai goti limepata nafuu. Nakuandikia kutoka hotelini, mwendo wa saa mbili tu kutoka kwako. Tuko likizo tangu Jumapili, na leo ni Ijumaa. Najua sentensi hiyo utaisoma mara mbili.

Asubuhi mwanangu alinipeleka kwenye bafu la mvuke la Kirusi. Nje jua linapasua kichwa, nasi tunajifungia kwenye chumba cha mbao chenye joto kuliko huko nje! Nikavishwa kofia ya sufu inayonuka jasho la wote walionitangulia. Benchi liliteleza kama kamasi. Kisha mhudumu, pande la mtu, akanichapa mgongoni kwa fungu la majani yaliyorowekwa. Jani moja likaniingia mdomoni na unywele juu yake. Na mimi nina upara, dada.

"Vumilia, mzee wangu, uchafu unatoka," akasema. "Una ndugu huku?"

"Sina," nikajibu.

Nilitoka nikatapika. Mwanangu anadhani ni lile joto. Mama ulimzika peke yako, mimi nikatuma barua. Na leo nimekukana mbele ya mtu anayenichapa kwa majani.

Dereva aliyekuletea barua hii ndiye atakayenileta kesho asubuhi. Usinipikie chochote. Niwekee ndoo ya maji baridi uani, nioge. Ukitaka kunifukuza, nifukuze nikiwa safi.

Kaka yako, ukinikubali