Makako Uliyemuachia Mama

Kashikishi, Nchelenge
Tarehe 9 Juni 2025

Mpendwa mudogo yangu Banza,

Jambo sana kwako, kwa bibi yako Cadette na kwa batoto benu bote kule Kolwezi. Muko muzuri? Kikohozi ya Cadette ilipoa? Huku tunapumua, Mungu ni mwema. Samaki imeanza kuonekana tena, na Goodson bwana yangu anakusalimia. Mama eko na afya, na kichwa nguvu pia eko nayo.

Banza, keti kwanza. Makako wako, ule kima, amemuuma mutoto wangu.

Unakumbuka siku ulivuka ziwa naye toka Pweto, mudogo kama ngumi, anashikamana na shati yako? Nyama ya mama yake ilikuwa inakaushwa na moshi kwa ule ule muuzaji aliyekuuzia yeye. Weye ukacheka: huyu amekosa mama, na mama yetu amekosa mutoto wa kubeba, basi bakutane! Nilikuambia nyama ya pori hailelewi ku nyumba. Ukaniita mama ya makelele.

Basi Mama akamulea. Kumufunga mu mugongo na kitenge, kumupa uji na kijiko, kumupeleka mpaka ku kanisa, Yesu wangu! Batu bakacheka, naye akaota meno.

Fidélie wangu alipozaliwa, Mama akamufunga mu kitenge ile ile. Makako akaona mutu mwingine mu fashi yake, pale ku mugongo. Akaruka toka juu ya paa, akamung'ata mutoto sikio, na Mama alipomukinga, akamung'ata naye mukono. Tukakimbia ku lopitalo, kuchomwa shindano za kuzuia kichaa cha mbwa, Fidélie analia mpaka sauti inakauka. Ile sikio haitakuwa tena kama ilivyokuwa.

Batu banasema mutoto wa nyoka ni nyoka. Hapana, miye nakataa. Ule ni mutoto wa pori, sisi njo tulimudanganya kama ni mutoto wetu. Sasa amefungwa kamba ku kiuno, kamba inamula ngozi, anayumbayumba kutwa nzima na kumulilia Mama. Namuhurumia. Hasira yangu yote nakuwekea weye.

Batu ba serikali benye kuchunga nyama ya pori bamesema kumuweka ku nyumba ni kuvunja sheria. Banakuya Ijumaa kumutwaa, bamupeleke kwa makako wengine yatima, ajifunze kuishi na benzake. Mama anakataa. Anasema makako akitoka, naye anatoka, anaenda Mantapala kwa mudogo yake Priscille. Na miye, mwenye nyumba, nalala na mutoto kwa jirani Lombe!

Halafu weye unatuma ujumbe ku telefone: "Eko peke yake, nitabaletea mwenzake." Mwenzake! Banza, akili uko nayo, ao uliiacha ku mugodi?

Jana nilimuuliza Mama juu ya nini anang'ang'ania hivi. Akasema: "Nikimuachilia huyu, nitabakia na nini ya Banza?" Myaka miwili hujakanyaga hapa. Mupigie simu mbele ya Ijumaa, umuambie kwa kinywa yako amuache aende. Kisha panda bisi ukuye. Mama hakukuomba makako. Alikuwa anakuomba weye.

Nisalimie Cadette, batoto, na Kaka Jean-Claude. Mungu akulinde chini ya udongo mule mu mugodi, na akulainishe moyo.

Ni miye yaya yako, dada yako mukubwa, nakupenda hata na hasira hii yote,
Pierrette