Tulipotafuta Uso wa Msaliti

Jumatatu, 3 Machi

Macho yanawaka. Kutwa nzima kanda za zamani: gwaride, mafuriko, mpira. Filamu yetu ni ya miaka ile ya kamatakamata, na wasaliti hatuna hata mmoja. Nani angewapiga picha? Bosi hataki kusikia. Msimulizi keshasema, "Wasaliti waliishi nasi," na skrini nyeusi tii! "Nitafutie sura," kaniambia. "Yoyote, mradi ina ujanja."

Jumanne, 4 Machi

Nimempata! Jukwaani, kwenye kanda ya mechi. Kijana kaziba mdomo kwa kiganja, anamnong'oneza jirani yake, macho pembeni. Nimemvuta karibu, nikampunguzia mwendo, nikamwekea ngoma nzito. Bosi kapiga meza — hata mamake angemwogopa! Mume wangu kasema huyo mtu ana kwao. Nikamwambia ale, chakula kinapoa.

Jumamosi, 15 Machi

Kionjo cha filamu kimerushwa. Simu haipoi. Sifa tupu.

Jumatano, 19 Machi

Amekuja. Mzee sasa, fundi cherehani, macho yale yale. Bintiye kamshika mkono. Kauliza kwa adabu kabisa, nani aliyemchagua. Nikasema kompyuta.

Yule aliyenong'onezwa ni kaka yake. Alikamatwa mwaka uliofuata, hakurudi. Wanawe, aliowalea huyu huyu mzee, sasa wanasema baba mdogo ndiye aliyemuuza. Cherehani wameitupa nje.

"Kwani ulikuwa unamwambia nini?" nikamuuliza.

"Kwamba zipu yake iko wazi, mwanangu."

Bosi alicheka mpaka akapaliwa. Mzee naye akacheka kidogo, kwa heshima tu. Kisha akaomba aone tena. Akagusa skrini, shavu la kaka yake. Picha nyingine hana. Askari walipokuja kupekua walibeba zote.

Nikamvuta bosi kando: tuitoe.

"Una wazimu? Sasa ndiyo tuna filamu!" Akamgeukia mzee, sauti asali. "Baba, kesho tunakuja mtaani, tuwaeleze wanao."

Binti akaniuliza kama nitasema mwenyewe. Nikaitikia. Mzee akanishukuru. Mimi!

Alhamisi, 20 Machi

Niko ndani ya gari, mtaani kwake. Naandika ili mikono ipate kazi. Mzee tumemvalisha kinasa sauti, tukamtanguliza. Watu wamejaa. Mtoto mkubwa wa kaka yake kamkunja ukosi. Mzee anatuonyesha kwa kidole — hao hapo waliotengeneza, waulizeni! Mpiga picha anachukua kupitia kioo.

Nimeshika kitasa. Bosi: tulia, ukishuka utaingia kwenye picha.

Binti anagonga kioo. "Dada, si ulisema utasema? Shuka basi!"

Kofi la kwanza. Mzee kapiga goti. Hakuna anayemwinua.

Bosi ananiuliza kama sauti inaingia vizuri. Visikilizio viko masikioni mwangu. Nasikia mzee anavyohema. Ananiita, mwanangu, mwanangu.

Nimemjibu bosi inaingia.