Mama na Gwaride la Galveston

Jumapili, hapa mjini Katy.

Joto la leo halisemeki. AC inanguruma tangu asubuhi na bado natoka jasho, ingawa nadhani si la joto.

Mdogo wangu Salim yuko Iraq na jeshi la Marekani, na wiki kadhaa sasa hajapiga simu. Mama hatoki nyumbani. Anaswali, anakaa kando ya simu, analala papo hapo. Kula kwenyewe hadi abembelezwe.

Leo nikamwambia, "Mama, twende Galveston, ufukweni, ukapigwe na upepo kidogo. Utakonda uishe."

Akakubali. Hata sijui kwa nini.

Jua la huko lilitushinda, tukajificha kwenye ukumbi mdogo wa makumbusho. Mzee mmoja wa Kizungu alikuwa akionyesha filamu ya kale isiyo na sauti: gwaride la mji huo huo, enzi za watu kuja kuoga baharini na nguo zao zote. Bendi ikapita, farasi wa zimamoto wakapita, mabibi na miavuli yao. Mama akatabasamu. Kisha wakaja wanajeshi, vijana wadogo, wanaichekea kamera.

Mama akasimama.

"Yule wa mwisho! Si Salim yule?"

"Mama, hao ni watu wa zamani. Wamekufa wote."

Laiti ningeumeza ulimi wangu.

Akaenda hadi kwenye kile kitambaa cheupe, akaweka kiganja usoni mwa yule kijana. Kijana akapita chini ya vidole vyake, akatoweka. Yule mzee hakumfukuza. Aliirudisha filamu mwanzo bila kuombwa, tukaitazama tena, Mama kasimama vile vile.

Tulirudi kabla ya magharibi. Taa ya mashine ya kurekodi simu ilikuwa inawaka; nikabonyeza, ikatoka sauti ya Salim.

"Mama, ni mimi. Niko okay. Mbona hamchukui simu? Nita-try tena, sijui lini. Tunahama hapa."

Mama hakulia. Alisema tu, "Mwanangu ananipigia, mimi niko natazama maiti."

Akaingia chumbani, akafunga mlango. Nimegonga, haitiki. Nimeketi hapa koridoni, laptop mapajani, chai niliyomwekea imeshapoa.

Mimi ndiye niliyemtoa nyumbani.

Ningepaswa kufurahi. Najaribu. Nimeusikiliza ule ujumbe hadi sauti yake naiona ngeni.

Mchana wa leo Salim alikuwa hai.

Na sasa hivi?