Sidii ya Mpira Imebaki

Keza, Ngara
2 Februari 2025

Baba yangu mpenzi,

Shikamoo. Assalaam alaikum. Naomba barua hii ikukute umekaa mbele ya duka, goti limetulia, na sikio la kushoto bado halijamfuata mwenzake wa kulia kwenye uziwi. Sisi huku wazima. Mimi ni zaidi ya mzima, Baba. Nina furaha mpaka naona aibu kuiandika.

Nianzie wapi kuhusu Taufiki? Anaamka kabla yangu anapasha maji. Akitoka kufunga sola kwenye nyumba za watu huko milimani, harudi mikono mitupu: leo pera, kesho ua, siku moja kinyonga, eti anifurahishe. Nilikimbia mpaka kwa jirani bila viatu. Jioni ananiimbia. Hajui kuimba hata kidogo, na mimi namwambia aendelee.

Naandika kwa karatasi kwa sababu simu wewe huisikii, na huku nayo inarukia mtandao wa ng'ambo, inakula salio kabla hatujasalimiana. Yohanes wa hiace atakuwa anatuletea.

Sasa ombi langu. Zile sidii zetu za pleistesheni zinachakaa. Ulininunulia moja moja tangu niko darasa la tatu, na tangu Mama atutoke ndizo zilizotukalisha pamoja kila jioni ukishafunga duka. Naomba unitolee nakala. Weka sidii kwenye kompyuta ya dukani, fungua ile programu niliyokuwekea, itaigeuza kuwa faili moja kubwa, nawe uihamishie kwenye flashi hii. Taufiki ana programu inayoifanya laptopu yake ijifanye pleistesheni. Za asili zibaki kwako. Yako ikifa siku moja, tutaifufua kwa ya kwangu.

Kabla ya kuiweka, ifute kwa kitambaa laini kutoka katikati kwenda ukingoni. Usizungushe kama unaosha sahani.

Anza na ya mpira. Hiyo ndiyo yetu.

Kuja kuzifanya mwenyewe siwezi. Mama mkwe wangu, Mama Semeni, anasema kwao bi harusi harudi kwa wazazi mpaka avune shamba la kwanza alilolima kwa mkono wake. Ndipo wampeleke na mzigo wake kichwani. Na wewe vilevile, kabla ya siku hiyo hutakiwi kukanyaga kwa mkweo. Nimeshaonyeshwa shamba langu, ni la maharage. Taufiki anasema nikishika jembe nafanana na malkia. Mwongo huyu.

Mwanao akupendaye,
Asmaa


Nyakahura, Biharamulo
14 Februari 2025

Mwanangu Asmaa,

Marahaba. Waalaikum salaam. Goti lipo. Sikio nalo lipo, ila linafanya kazi siku linapotaka. Mteja aliomba chumvi nikampa sabuni. Tukacheka sote wawili, ingawa yeye alicheka kidogo.

Nimefurahi kusikia unatunzwa. Mwambie mkwe wangu kinyonga si zawadi.

Nimetoa nakala ya magari na ya ngumi. Nilifuta kama ulivyoagiza. Philbert, fundi wa simu, alinikuta kwenye kazi hiyo akasema nitoe nyingi nikauze siku ya gulio. Nikamwambia hizi nilizinunua kwa ajili ya nyumba yangu, na nakala ni akiba ya nyumba yangu, kama mtu anavyotenga mbegu. Akaniambia mzee, wewe biashara ilikupita kushoto. Nikamjibu kushoto ndiko ninakosikia.

Ya mpira haijasoma vizuri. Nitaijaribu siku nyingine.

Baba yako


Keza
27 Februari 2025

Baba yangu wa dhahabu,

Shikamoo. Unaendeleaje, na unakula? Usiniambie umekula mkate na chai tena. Sisi tumejaa afya, alhamdulillahi.

Flashi ilifika imefungwa kwenye kipande cha kitenge, nikajua ni wewe. Tulifungua magari usiku uleule. Baba, Taufiki hajui kukata kona! Mimi namaliza, yeye bado yuko ukutani anagonga. Aliposhinda mara moja alizunguka nyumba kama jogoo. Kisha akanilaza kichwa begani kwake, nikawaza kwamba hakuna mwanamke Ngara nzima aliyepewa nilichopewa mimi.

Maharage nimepanda. Mama Semeni alikuja kukagua mistari, akasema imepinda kama nyoka aliyekula, lakini itaota.

Taufiki anataka kuona hiyo mechi yetu ya mpira ninayomsimulia kila siku. Jaribu tena, Baba. Kama kuna mikwaruzo, paka dawa ya meno kidogo, sugua kwa kwenda ukingoni, kisha suuza.

Ramadhani inaingia. Nitakukumbuka kwenye kila tende.

Mwanao,
Asmaa


Nyakahura
15 Machi 2025

Mwanangu,

Marahaba. Saumu inakwenda vizuri. Tecla, mke wa jirani yetu Gozbert, ingawa ni Mkristo, ananiletea uji wa pilipili manga kila magharibi. Anauweka mlangoni na kunionyesha kwa mkono kwamba upo, maana amechoka kuniita. Nafuturu, naswali, nafunga duka.

Nimekutumia ile ya mwindaji na ile ya kupanga matofali aliyoipenda mama yako. Hii ya matofali ilisoma mara ya kwanza, bila shida yoyote.

Ya mpira bado. Nitaitazama Idi ikipita.

Jihadhari na mvua shambani.

Baba yako


Keza
2 Aprili 2025

Baba,

Shikamoo, na Idi njema. Natumaini u mzima. Sisi tumesherehekea vizuri sana, mpaka nimetamani ungeona. Taufiki alininunulia gauni la rangi ya udhurungi, na alipoona nimelivaa alisahau hata kunywa chai yake. Mama Semeni alicheka, akasema huyu mtoto amelogwa na mkewe. Nikaona fahari.

Nimecheza ile ya matofali. Nililia kidogo, kwa sababu ya Mama. Ahsante.

Ila kuna jambo, na nitakuambia kama ulivyonilea, waziwazi. Yohanes anasema kila akipita jioni anasikia mpira wa pleistesheni dukani kwako, umefungulia runinga mpaka barabarani. Kama sidii haisomi, unachezaje? Na kama inasoma, kwa nini hunipi nakala? Nakala haikupunguzii kitu. Yako inabaki palepale.

Sijawahi kuomba kitu kwako mara tatu, Baba. Natamani timu yetu, majina yetu, vile tulivyoipanga. Nimemwambia Taufiki kila bao. Naomba na vya kwenye memori kadi, ile inayotunza mechi zetu. Philbert ana kifaa cha kuisoma, atakuwekea kwenye flashi.

Au kuna kosa nimelifanya?

Mwanao,
Asmaa


Nyakahura
6 Mei 2025

Asmaa,

Marahaba. Nisamehe kuchelewa, nilikuwa na mafua, sasa nimepona.

Huna kosa lolote. Kwenye flashi kuna ya mpira, na Philbert ameweka na vya kwenye kadi. Sidii ilisoma vizuri. Ilikuwa inasoma tangu siku ya kwanza.

Hakuna nyingine iliyobaki. Sasa huna cha kunidai.

Nimesikia maharage ya Ngara mwaka huu yamebeba. Mungu akubariki wewe na mumeo.

Baba yako


Keza
11 Mei 2025

Baba,

Shikamoo. Leo siulizi afya kwa desturi, naiuliza kwa sababu nataka kujua. Uko mzima? Unakula na nani?

Nilifungua ya mpira Taufiki akiwa pembeni yangu. Nilitaka kumwonyesha ule ukurasa wa mechi zetu, Salum na Asmaa, nani kashinda ngapi. Siku ya kuondoka kwangu ulikuwa unaniongoza kwa mbali, ukanisimanga hata mbele ya wapambaji wa harusi. Nikafungua, nikaona Asmaa anaongoza. Anakufunga mabao mengi, Baba. Ameshinda mechi baada ya mechi, nyingi kuliko nilizowahi kushinda tangu nizaliwe.

Taufiki akauliza nani anacheza upande wangu. Nikasema labda Philbert. Lakini moyo haukukubali, nikamsubiri Yohanes aje na gari nikamwuliza baba anacheza na nani jioni. Hakutaka kusema mwanzoni. Kisha akasema, "Mzee anacheza peke yake. Pedi moja ya kuchezea mkononi, nyingine kaipakata mapajani. Akifunga kwa ile ya mapajani ndipo anapiga makofi."

Nilirudi nyumbani nikakaa jikoni. Nimekuandikia kurasa juu ya vinyonga na magauni, na wewe ulikuwa ukinijibu kwa sidii chache chache ili nisiache kuandika. Ndivyo, Baba? Ulidhani ikiisha ya mpira nitanyamaza?

Nilimwomba Mama Semeni aniruhusu nije. Akasema maharage hayajakauka, na bi harusi anayerudi mikono mitupu, watu watasema amefukuzwa. Taufiki alimbembeleza mpaka akaambiwa, "Wewe kaa kimya, mkeo ndiye mwenye shamba." Mama Semeni hakunijibu kwa hasira, maana yeye pia alimpoteza baba yake akiwa mbali. Lakini alikataa.

Taufiki anasema nikitaka atanipandisha pikipiki kesho, na lawama atabeba yeye. Hapo ndipo nilipojua nimeolewa na nani. Nimefunga begi, liko nyuma ya mlango. Niambie neno moja tu nije.

Na usinishikie pedi tena. Cheza upande wako. Wangu uache mpaka nifike.

Mwanao,
Asmaa


Nyakahura
17 Mei 2025

Mwanangu Asmaa,

Marahaba, marahaba tena. Afya ninayo. Jumapili nilikula kwa Gozbert na Tecla, ugali na migebuka, wakazungumza kwa sauti kubwa kwa ajili yangu mpaka nikachoka mimi kabla yao.

Ndivyo. Umesoma sawasawa. Nilisema moyoni, nitampa zote isipokuwa hii, ataendelea kuidai. Sikufikiri zaidi ya hapo. Uliponiuliza kama umekosa, nikaona nimekuingiza mahali pasipo pako, ndiyo maana nilikaa mwezi mzima nisijue niandike nini. Mafua yalikuwa ya siku tatu.

Usije kesho. Begi lifungue. Mama yako alikuja kwangu kwa heshima, na wewe utarudi kwangu kwa heshima, umebeba maharage yako, na watu wa Nyakahura watoke milangoni wakutazame. Sitaki mkwe wangu alaumiwe kwao kwa ajili ya mzee na pedi. Mwambie lakini kwamba nimelisikia hilo la pikipiki. Nimelisikia kwa masikio yote mawili.

Barua uniandikie hata kama hakuna cha kuomba. Za vinyonga nazipenda. Naziweka chini ya mizani nazisoma mteja akichelewa.

Juzi nilifanya ulivyosema. Nilianzisha mechi, nikashika pedi yangu, yako nikaiacha juu ya kiti. Yule mchezaji wako mwenye alama kichwani, yule ambaye ungemwongoza wewe, alisimama tu. Wenzake wanakimbia, wanamzunguka, yeye kasimama na mikono yake chini. Nikampita nikafunga. Nikampita tena nikafunga. Kisha nikaenda nikasimama naye pale katikati ya uwanja, mchezaji wangu na wako, mpaka dakika zikaisha.

Baba yako,
Salum